Sahihi ya Kocha

Siku ya kwanza nilipompima Kocha aliporudi kutoka Australia, futi iliniponyoka mkononi ikaanguka sakafuni. Nina miaka ishirini nashona nguo hapa Msambweni. Nimepima maharusi, nimepima mahaji, nimepima mpaka wazungu wa Diani waliotaka madera ya kitenge, lakini shingo ya mwanamke yenye unene ule sijapata kuiona. Nikapima tena, namba ikawa ile ile.

"Kocha, huko ulikokwenda ulikuwa ukila nini?"

"Watu," akasema. Akacheka mpaka kiti changu cha wateja kikalalamika.

Alizaliwa wapi, ni wa mbari gani, babake alioa wangapi, hayo waulizeni wanaojua nasaba za watu. Mie nitasema niliyoyaona kwa macho na kuyapima kwa mkono. Na nitaisema ile karatasi, kwa sababu ndiyo iliyonifanya nimtukane mbele za watu, na ndiyo iliyonishtua kuliko jambo lolote nililopata kuliona katika umri wangu. Ilikuwa karatasi ya mwanangu Mejumaa. Timu moja ya Australia ya raga ya wanawake, wanawake wanaocheza kwa mshahara, ilimtaka aende akajaribiwe. Kila kitu kilikuwa tayari, ikabaki sahihi moja, ya Kocha. Kocha akakataa kuitia.

Lakini nianze na sikio. Sikio lake la kushoto lilikuwa limevimba na kujikunja, kama andazi lililotiwa mafutani kabla ya kuumuka. Idi ya kwanza baada ya kurudi nilimpelekea zawadi ya herini, mie nisijue. Akalitafuta tundu la kushoto, hakulipata. Mwengine angeona haya. Yeye aliivaa moja tu, ya kulia, akaenda nayo kuswali, na mwezi mzima ikamning'inia peke yake. Vidole viwili vya mkono wa kulia havikukunjika, basi akila wali punje zinamwagika mkekani, naye huzirudisha sahanini moja moja huku anapiga hadithi. Mfupa wa bega ulikuwa na nundu. "Huu ni wa msimu wa pili," akaniambia. "Na pua ni ya msimu wa tatu." Misimu yake aliihesabu kwa mifupa, na nilidhani ni mzaha.

Raga hiyo aliyocheza si ile ya watu kumi na watano. Ni ya watu kumi na watatu. Alinieleza siku moja nikitia uzi kwenye sindano. Unabeba mpira, unaangushwa. Unasimama, unauweka mpira chini, unaurudisha nyuma kwa mguu, mwenzio anauchukua, naye anaangushwa. Mara sita. Ya sita ikipita hamjafunga, mnawapa wapinzani mpira.

"Bila ya kugombana?"

"Bila ya kugombana. Ndiyo sheria."

Sheria hiyo aliitumia kwa kila kitu. Mume wangu alipoanza habari zake za mke wa pili kule Lunga Lunga, nilimwendea Kocha nikilia. Hakunipa pole. Aliniuliza, "Amekuangusha mara ngapi?" Nikahesabu kwa vidole, nne. "Basi umebakiwa na mbili. Simama, uweke mpira chini, ucheze. Ya sita ikipita, mpe mpira aende nao." Nikashtuka, maana watu wote wengine walikuwa wameniambia nisubiri, nivumilie, wala hapana aliyenitajia kikomo. Mume wangu alifika ya tano akatulia.

Kabla ya Australia alikuwa akifua mashuka kwenye hoteli moja ya Diani, na jioni akicheza raga na wafanyakazi wenzake, wengi wao watoto wa bara. Akawa anaitwa huku na huku kucheza, mpaka wakamwona waliomwona. Nguo za safari nilimshonea mie, buibui mbili na suruali tatu, na wakati ule aliniita kwa jina langu. Mji aliopelekwa ulizungukwa na mashamba ya miwa, kama Ramisi yetu hapa. "Nilipanda ndege tatu, Fundi, nikashuka Ramisi," alizoea kusema. Wachezaji wenzake wengi mchana walikuwa wauguzi, walimu, askari, raga wakiicheza jioni. Yeye alikuwa na mkataba, riziki yake yote ilikuwa ile raga, na mkataba wenyewe ulikuwa wa msimu mmoja mmoja. Aliyekaa nje sana hapewi mwengine. Kazi yake ilikuwa mstari wa mbele, apewe mpira akimbie moja kwa moja kwenye watu watatu waliosimama kumngoja. Alifanya hivyo misimu minne.

Mejumaa aliipata mojawapo ya mechi hizo kwenye simu, tukaitazama dukani sote watatu. Kocha anabeba mpira, anagongwa, kichwa kinarudi nyuma kama cha mtoto asiyekaza shingo. Nilipiga yowe nikajichoma sindano. Yeye alikuwa ametulia tuli, akitazama kama anayetazama jirani. "Ehe," akauliza, "kisha nilifunga hapo?" Tukamcheka sana. Mtu anauliza habari za mpira aliocheza mwenyewe!

Alikuwa na vituko, wallahi. Mwanamke aliyegongana na majitu ya Australia alikuwa akiogopa kuku. Kuku akiingia dukani, Kocha juu ya kiti. Akivaa buibui juu ya kaptura, filimbi imening'inia kifuani, anapita sokoni hivyo hivyo kuwaendea wasichana wake kiwanjani, na mashehe wa barazani hawakujua waseme nini, kwa sababu katika mtaa mzima hapakuwa na mtu wa kuwahi swala kama yeye. Wasichana aliwafokea kwa sauti ya kuwaita watu walio ng'ambo ya mto, kisha anawafunga kamba za viatu kwa mkono wake.

Maji hakubeba kichwani. Ndoo aliichukua begani au mkononi, na wanawake wa kisimani walisema, aka, maringo ya Ulaya hayo. Ndani ya duka langu, ambalo lina giza mpaka nawasha taa saa sita, alikaa na miwani ya jua. Maringo tena. Na alikuwa na daftari la shule la kurasa mia mbili, haliachi, akizungumza na mtu anaandika. Watu wengine walimwogopa kwa hilo daftari, wakidhani anawaandika ubaya. Na hakumwita mtu kwa jina. Mie nikawa Fundi, yule Mpishi, yule Mwalimu, yule Bibi wa Nazi. Nilisema ni heshima aliyojifunza huko kwa watu. Nilipenda kuitwa Fundi. Nami hapa simtaji ila kwa Kocha, tuwe sawa.

Hadithi aliyoipenda kuliko zote ilikuwa ya plasta. Ukigongwa kichwa, alisema, daktari anaingia kiwanjani na maswali. Tuko kiwanja gani? Wiki iliyopita mlicheza na nani? Mlishinda au mlishindwa? Ukikosa, unatolewa, na unakaa nje wiki kadhaa. Kocha akajitafutia dawa. Kabla ya kila mechi aliyaandika majibu kwenye plasta aliyojifunga kifundo cha mkono. Akiulizwa, anajifanya anafuta jasho, anatupia jicho, anajibu.

"Nilifaulu mitihani yote," akatuambia. "Hakuna msichana wa Kwale aliyefaulu mitihani kama mie."

Tulicheka! Nilicheka mpaka nikashika mbavu. Mejumaa alikuwa pale kando kwenye kibao, akitia vifungo shati la shule, naye akacheka.

Mwanangu alianza raga akiwa na miaka kumi na minne, kwa siri, akiniambia anakwenda masomo ya ziada. Nilipogundua nilimwendea Kocha kiwanjani na mwiko mkononi, sikuwa hata nimevua aproni. Akaniambia, "Kaa, Fundi, tazama dakika kumi, kisha unipige." Nikakaa. Nikamwona mtoto wangu, yule anayesinzia akitumwa chumvi, akimwangusha msichana mkubwa kuliko yeye na kumpa mkono kumwinua. Sikumpiga mtu siku hiyo. Baada ya miaka mitatu ni mie niliyekuwa nikipiga vigelegele kuliko wote, na ni mie niliyezishona jezi. Ile barua ya Australia ilipokuja, niliisoma kwa sauti kwa kila mteja, hata waliokuja kupunguza suruali.

Wiki moja kabla ya mechi yao iliyochezwa Diani palikuwa na harusi ya binamu yake Mejumaa. Mchoraji wa hina na piko, ile rangi nyeusi, katika ukoo wetu ni mie. Mejumaa akaninyooshea mkono wa kushoto.

"Mama, nichore maua mpaka huku juu. Na hapa kifundoni niandikie jina la kiwanja, na ile timu tuliyoifunga Jumamosi."

"Ya nini, mwanangu?"

"Ukumbusho tu."

Nikaona ni mapenzi ya mchezo. Nikaandika kwa herufi ndogo, nikazizungushia majani na vikonyo mpaka ukiwa mbali huoni kitu ila maua. Harusini waliisifu sana piko ile, nami nikajisikia.

Siku ya mechi, kipindi cha pili, goti la msichana mmoja wa timu ya Ukunda lilimpata Mejumaa kwenye panja. Alilala kimya kiasi cha mtu kuisoma Alhamdu mpaka mwisho. Kisha akasimama, akauweka mpira chini, akaurudisha kwa mguu kama kawaida. Watu wakapiga makofi, na mie vigelegele. Kocha akaingia mbio, akawa anamwuliza maswali. Niliona Mejumaa anafuta jasho, anajibu. Nahodha wa Ukunda akapaza sauti, "Kocha, huyu dem ako sawa, wacha acheze!" Lakini Kocha alimshika mkono, akauinua karibu na macho, akautazama muda mrefu. Akamwuliza neno moja. Mejumaa akajibu huku ameinama. Kocha akamtoa nje kwa mkono ule ule, na mechi hiyo hakurudi tena. Nilikasirika. Siku mbili zilizofuata Mejumaa alitapika, nikamlaumu muuza samaki, nikamwendea nikamfokea mbele ya wateja wake.

Basi karatasi ikaja. Ilimtaka Kocha athibitishe kwamba mchezaji hajapoteza fahamu uwanjani. Nikampa kalamu mwenyewe, alipokuja dukani kuchukua kaptura zake.

"Sitii, Fundi."

"Sababu?"

"Aligongwa."

"Na wewe je? Si uligongwa misimu minne? Umekufa?"

Akatazama sakafu. Palikuwa na mteja anangoja dera lake, nami nilijua anasikia, na ndivyo nilivyozidi kupandisha sauti. Nikamwambia ana kijicho. Nikamwambia ameshapata yeye, sasa anafunga mlango. Kisha nikasema neno ambalo hata leo natamani ulimi ungekatika kabla halijatoka. "Hujazaa wewe, mtoto huwezi kumjua."

"Astaghfirullah," akasema yule mteja.

Kocha alilitoa daftari lake, akaandika pale pale amesimama, akalifunga, akaaga kwa salamu, akaondoka. Nikaona hata dharau hiyo anayo, natukana naye anaandika.

Wiki tatu hatukusemezana. Mejumaa alikuwa hali vizuri, haongei. Siku za kuirudisha karatasi zikabaki mbili. Nikavaa buibui, nikaitia karatasi mkobani, nikaenda kwake Mkunguni baada ya alasiri, nimeshajiandaa hata kupiga magoti.

Nilimkuta amekaa mkekani anachambua mchicha, na miwani yake. Aliponiona uso ukachanua.

"Karibu, Fundi! Mbona umenitupa hivyo?"

Nilishtuka. Nikasema, kumbe huyu ana moyo mkubwa, ameshasamehe. Akanitilia chai ya tangawizi, bila sukari kama niipendavyo. Nikaona haya ikanizidi.

"Kocha, yale maneno ya siku ile..."

"Maneno gani?"

Alinitazama machoni. Hakuwa akinisitiri. Hakuwa akinidhihaki. Alikuwa anauliza. Nikajua pana jambo, lakini mie ni mama, na karatasi ilikuwa mkobani.

"Nimekuja na karatasi ya Mejumaa. Inataka sahihi yako."

"Mejumaa! Mtoto hodari yule. Lete nimtilie."

Lahaula! Nawaambia ukweli wangu, nilinyamaza. Wiki tatu za vita, na sasa mtu ananyoosha mkono mwenyewe. Nikaitoa karatasi. Nikampa na kalamu. Akatafuta kitu kigumu cha kuandikia, akanionyesha daftari dirishani, "Nipe hilo niweke chini yake." Nikalichukua. Kwa kuwa lilikuwa limetiwa penseli katikati, likafunguka lenyewe mkononi mwangu, na juu ya ukurasa kwa herufi kubwa paliandikwa FUNDI.

Nilisoma. Mngesoma nanyi.

"Fundi. Duka la mlango wa kijani, mkabala na bucha. Rafiki yangu tangu kabla ya safari. Mume wake alifika ya tano. Binti yake Mejumaa. Chai bila sukari."

Chini yake, kwa wino mwengine: "Atakuja na karatasi. Usitie sahihi, hata akilia. Mejumaa alizimia Diani. Majibu yalikuwa kwenye piko. Ujanja ule aliupata kwangu, dukani, tukicheka. Aliyemchora ni mama yake. Hajui alichora nini. Usimwambie."

Na mwisho kabisa, mwandiko umekwenda upande kama wa mtu aliyeandika amesimama: "Leo amenitukana. Ni mama. Usimnunie."

Nikakaa mkekani juu ya mchicha wake. Maua yale. Majani na vikonyo nilivyovizungushia herufi nikijisifu. Nilimpa mtoto wangu majibu kwa mkono wangu mwenyewe, nikampigia na vigelegele alipoinuka, na nikaenda kumtukana muuza samaki. Na huyu aliye mbele yangu alikuwa amebeba siri yangu tangu Diani, kisha siri ikampotea na yeye, ikabaki daftarini.

"Fundi, vipi? Umeona nini? Lete basi."

Nikalifunga daftari. Nikaichukua karatasi mbele yake, na kalamu.

"Nimekosea, Kocha. Nimechukua karatasi siyo."

"Basi utaniletea nyingine."

"Sitaleta," nikasema. Nikamwomba msamaha, nikalia. Yeye hakujua anasamehe lipi, lakini alinipa msamaha wote, akanifuta uso kwa upindo wa leso yake na vile vidole visivyokunjika.

Nilipoinuka kuaga akanizuia.

"Nikuulize kitu, na usinicheke. Jina lako nani?"

Mtu niliyemshonea nguo za safari. Nikamtajia jina langu, nikamtajia na la babangu. Akaandika pembeni ya lile neno FUNDI, taratibu, akanionyesha kama nimeandikwa sawa. Nikamwambia sawa.

Nyumbani nilimweleza Mejumaa yote. Alilia, akakubali, kisha akaniuliza kwa hasira, "Sasa mama, kalamu ilikuwa mkononi mwake, si ungenyamaza tu?" Karatasi niliitia kwenye pasi ya makaa, nikapigia pasi dera la mtu, nikamwambia ajiandae, kukicha tunakwenda hospitali akapimwe kichwa.

Asubuhi tulipokuwa tunafunga duka tuondoke, Kocha alipita njiani, buibui juu ya kaptura, filimbi kifuani. Mejumaa akamwamkia shikamoo. Akaitikia marahaba, akanigeukia na uso wake ule mkunjufu.

"Subalkheri, Fundi."

Nikaitika.